Mhalifu Mwenye Heshima katika Filamu Bubu za Japani

Mwaka 1925 kampuni ya mwigizaji Bando Tsumasaburo ilitengeneza filamu yenye jina lililomaanisha mhuni. Wakaguzi wa serikali wakalikataa, nayo ikatoka kwa jina la Orochi, yaani joka. Ujumbe wake lakini ulibaki palepale: si kila aitwaye mwovu ni mwovu, wala si kila anayeheshimiwa anastahili.

Mhusika mkuu, Heizaburo, ni samurai wa ngazi ya chini. Anapigana na mtu aliyemchafulia jina binti wa mwalimu wake, na anayefukuzwa ni yeye. Tangu hapo kila jema analokusudia linageuzwa kosa. Mwishoni, baada ya kumuokoa binti yuleyule, anazingirwa na kundi la askari. Pambano hilo ni refu mno, na mara nyingi huoneshwa peke yake, kana kwamba filamu nzima ni panga tu. Kwa maoni yangu huko ni kuipunja. Heizaburo anapigana akiwa amechoka, hana pa kukimbilia, na anakamatwa.

Miaka miwili baadaye mwongozaji Ito Daisuke alitengeneza filamu kuhusu Kunisada Chuji, mcheza kamari aliyeishi kweli na kuuawa kwa kutundikwa msalabani katikati ya karne ya 19. Masimulizi ya watu yanamsifu kwa kuwasaidia wakulima wakati wa njaa. Ito hakumpa ushindi: Chuji wake, aliyeigizwa na Okochi Denjiro, anapooza, anafichwa na wafuasi wake, kisha anatiwa mbaroni.

Tukumbuke kwamba mwaka huohuo wa 1925 Japani ilipitisha sheria kali dhidi ya wapinzani wa mfumo wa utawala. Kuikosoa serikali iliyopo kulikuwa hatari. Kumlilia mhalifu wa enzi za samurai kulivumilika zaidi, japo mkasi wa wakaguzi haukulala.

Filamu hizi hazikuwa na sauti. Ukumbini alikuwepo msimulizi, benshi, aliyezungumza kwa niaba ya wahusika wote, kama wanavyofanya watafsiri wa filamu katika mabanda yetu ya video. Nyingi zimepotea. Ya Chuji ilidhaniwa imetoweka hadi nakala yenye vipande ilipopatikana mwaka 1991. Sehemu ya kwanza karibu yote haipo. Anayeanza kutazama aanze na Orochi, iliyosalia karibu nzima, na atafute nakala yenye sauti ya benshi.