Ukuta wa Detroit na fomu ya mkopo: jinsi Wamarekani weusi walivyonyimwa nyumba

Kule Detroit, kaskazini mwa mji karibu na barabara ya Eight Mile, kuna ukuta wa zege. Sio mkubwa, kimo chake ni futi 6 hivi, unapita nyuma ya nyumba za watu kama nusu maili alafu unaishia hapo. Haujazungushia kitu chochote, hauzuii maji wala gari, na mtoto mpira ukimpita anazunguka tu anaufuata. Kipande kimoja kinapita kwenye uwanja wa kuchezea watoto na mwaka 2006 kilipakwa michoro ya rangi, ukipita pale bila kuambiwa unaona pazuri tu unaendelea na safari zako.

Ukuta huo ulijengwa 1941. Mimi kazi yangu ni historia ya Marekani baada ya vita kuu ya pili, na ndani ya hiyo nimejikita kwenye nyumba na mikopo ya nyumba, na kila nikianza somo na wanafunzi wapya naanzia kwenye huo ukuta, kwasababu wengi wanakuja wakiamini kwamba ubaguzi wa Marekani ulikuwa ni wa kule kusini tu, mabasi na mabomba ya maji ya kunywa yaliyoandikwa "weupe tu", na kwamba sheria za miaka ya 60 zilipopita basi mambo yakaisha. Hilo la mabasi lilikuwepo kweli na lilikuwa la kikatili. Ila lililowaacha watu maskini mpaka wajukuu ni fomu ya mkopo, na fomu ile haikuwa ya kusini peke yake, ilikuwa ya nchi nzima na ilitoka serikalini.

Habari ya ukuta iko hivi. Kulikuwa na mtu ana ardhi anataka kujenga mtaa mpya wa nyumba za weupe. Ili wateja wake wapate mikopo ya masharti nafuu ilibidi shirika la serikali linaitwa FHA likubali kuidhamini, na FHA ikakataa, sababu ikiwa kwamba kiwanja kipo karibu mno na mtaa wanaoishi weusi. Yule mjenzi akaenda akajenga ukuta katikati. FHA wakaona sawa, sasa weupe wametengwa vizuri, mikopo ikapita. Hicho ndicho kilichojenga ule ukuta, masharti ya dhamana.

Sasa hapa inabidi nieleze mkopo wenyewe ulivyokuwa unafanya kazi maana bila hiyo huwezi kuona ukubwa wa jambo. Kabla ya miaka ya 30, Mmarekani wa kawaida akitaka kununua nyumba kwa mkopo benki ilimtaka kianzio kikubwa, mara nyingi nusu ya bei, alafu muda wa kulipa ni miaka mitatu au mitano tu, na kwenye hiyo miaka mara nyingi unalipa riba peke yake, mwisho wa muda deni lote linakuja kwa mpigo. Watu wengi walikuwa wanakopa tena ili walipe lile la kwanza. Uchumi ulipoanguka 1929 benki zikaacha kukopesha na nyumba zikapigwa mnada kila kona. Ndipo serikali ya rais Roosevelt ikaunda FHA mwaka 1934, na FHA yenyewe haikumkopesha mtu hata senti, ilichofanya ni kuiambia benki wewe kopesha, huyu mtu akishindwa kulipa hasara ni yangu. Benki ikishajua haipotezi, ikashusha riba, ikapunguza kianzio, ikarefusha muda mpaka miaka 20, 25, baadae 30, na kila rejesho linakata riba pamoja na deni, kwahiyo siku ya mwisho nyumba ni yako kabisa. Fundi wa kiwandani akaweza kumiliki nyumba. Mimi nasema wazi kwamba huo ni moja ya ubunifu mkubwa wa serikali yoyote karne ile, na ndio maana inaniuma zaidi.

Kwasababu FHA walikuwa na kitabu cha mwongozo kwa wale wakaguzi wao wanaoenda kutathmini nyumba, na ndani ya mwongozo huo wa miaka ya 30 mkaguzi aliambiwa aangalie kama mtaa uko kwenye hatari ya kuingiliwa na watu wa rangi nyingine wasioendana na waliopo, na kwamba kinga nzuri ni sharti ndani ya hati ya nyumba linalokataza isiuzwe wala kupangishwa kwa asiyekuwa mweupe. Mweusi hata awe na mshahara mzuri na hana deni popote, akiomba kununua kwa weupe anaambiwa atashusha thamani ya mtaa, akiomba kununua kwenye mtaa wa weusi wenzake anaambiwa mtaa huo ni hatari haudhaminiwi. Kote anakoelekea mlango umefungwa.

Niseme na hili maana linanikera kidogo kwenye mijadala. Watu wakizungumzia jambo hili huwa wanaonyesha zile ramani maarufu zenye kijani, bluu, njano na nyekundu, nyekundu ikiwa mitaa ya weusi. Ramani zile zilichorwa na shirika lingine, HOLC, lililoundwa 1933 kuokoa nyumba zilizokuwa zinakaribia mnada, na hao HOLC walikopesha watu kama milioni moja hivi, weusi wakiwemo, na mikopo yao mingi ilishatoka kabla ramani hazijamalizika kuchorwa. Ramani zinatisha kuzitazama na zinaonyesha wazi fikra za wakati ule, ila aliyefunga bomba la pesa miaka na miaka ni FHA kwa mwongozo wake na wakaguzi wake. Ni tofauti ndogo kwenye picha lakini kwenye kujua nani alifanya nini ni kubwa sana.

Alafu vita ikaisha. Mwaka 1944 Roosevelt alikuwa ameshasaini sheria ya kuwasaidia askari wanaorudi, ile inayojulikana kama GI Bill, ndani yake kuna masomo, posho ya kukosa kazi, na dhamana ya mkopo wa nyumba, biashara au shamba. Sheria yenyewe ukiisoma haitaji rangi ya mtu popote. Lakini ili mkopo utoke lazima benki ikubali kwanza, na benki ni ileile ya mtaani kwako yenye meneja yuleyule. Mwaka 1947 kwenye miji 13 ya Mississippi ilihesabiwa mikopo 3,229 iliyodhaminiwa kwa ajili ya askari waliorudi, ambayo ilienda kwa weusi ni miwili. Miwili tu, na Mississippi karibu nusu ya watu wake walikuwa weusi na vijana wao walikwenda vitani kama wengine.

Kwa nchi nzima kati ya 1944 na 1952 ilidhaminiwa mikopo ya nyumba karibu milioni 2.4 ya askari. Hapo ndipo ikazaliwa mitaa ile unayoiona kwenye picha za Marekani ya miaka ya 50, nyumba zinafanana, majani mbele, gari pembeni. Maarufu kuliko yote ni Levittown, Long Island, nje kidogo ya jiji la New York, kwenye yaliyokuwa mashamba ya viazi. Kampuni ya Levitt ilianza 1947, wakaigawa kazi ya kujenga nyumba moja kwenye hatua 27, kila kundi la mafundi lina hatua yake, hawa wanamwaga zege tu wanahamia nyumba inayofuata, wale wanapiga rangi nyekundu tu, wengine rangi nyeupe tu, na walipochanganya kasi walikuwa wanamaliza nyumba zaidi ya 30 kwa siku. Mpaka 1951 walishajenga zaidi ya 17,000. Mwaka 1949 nyumba moja ilikuwa dola 7,990, askari aliyetoka vitani halipi kianzio, rejesho ni kama dola 58 kwa mwezi, na kwa wengi hiyo ilikuwa chini ya kodi ya chumba mjini.

Na kwenye mkataba wa mwanzo wa Levittown kulikuwa na kipengele kinachosema nyumba isitumiwe wala kukaliwa na mtu asiyekuwa mweupe, isipokuwa kama ni mtumishi wa ndani. Hebu soma tena hiyo ya mwisho. Mama mweusi aliruhusiwa kuingia kupika na kulea watoto wa watu, jioni apande basi arudi kwake. William Levitt mwenyewe alisema hadharani kwamba wao wanaweza kutatua tatizo la nyumba au wakajaribu kutatua tatizo la rangi, yote mawili kwa pamoja hawawezi.

Mwaka 1948 mahakama kuu ya Marekani, kwenye kesi ya Shelley v. Kraemer, iliamua kwamba mahakama haziwezi kutumika kusimamia masharti ya namna hiyo kwenye hati. Ushindi mkubwa, ila FHA iliendelea kudhamini nyumba mpya zenye masharti hayo mpaka Februari 1950, na hata baada ya hapo wajenzi na madalali waliendelea kukataa kimyakimya, hakuna kilichowalazimisha. Agosti 1957 William Myers, naye alikuwa askari, na mkewe Daisy walihamia Levittown nyingine, ya Pennsylvania, nyumba waliyouziwa na mtu binafsi na sio kampuni. Siku ya kwanza tu umati ukajaa mbele ya nyumba, usiku mawe yakavunja vioo, na hali hiyo ikaendelea kwa wiki kadhaa, misalaba inachomwa moto, nyumba ya jirani ikageuzwa kijiwe cha wanaowapinga, bendera ya wale waasi wa kusini waliotetea utumwa inapepea na muziki juu, mpaka serikali ya jimbo ikaenda mahakamani kupata amri ya kuwazuia. Familia ile haikukimbia vitisho hivyo, wala majirani wachache weupe waliokuwa wanaenda kukaa nao usiku hawakuacha kwenda.

Sasa jiulize, wale walionyimwa walinunuaje? Chicago ndio inaeleza vizuri kuliko mji wowote. Wengi walionunua walinunua kwa mkataba. Mtu mwenye mtaji ananunua nyumba kwa mweupe anayehama, mara nyingi amemtisha kwanza kwamba weusi wanakuja uza haraka, alafu anamuuzia mweusi mara nyingi kwa bei karibu mara mbili au zaidi. Hakuna benki hapo, unamlipa yeye kila mwezi, na hati inabaki kwake mpaka umalize deni lote. Bomba likipasuka ni lako, paa likivuja ni lako, kodi ya jengo ni yako, lakini ukichelewa rejesho moja tu anakutoa na kila ulicholipa kimekwenda, kesho anamuuzia mwingine nyumba ileile kwa mkataba uleule.

Clyde Ross alitoka Mississippi, akatumikia jeshi hadi kisiwa cha Guam, akapata kazi kiwandani Chicago. Mwaka 1961 alinunua nyumba mtaa wa North Lawndale kwa dola 27,500. Aliyemuuzia alikuwa ameinunua miezi sita tu nyuma kwa dola 12,000. Dola 15,500 juu, na Ross alilazimika kutafuta kazi ya pili na ya tatu kulipia hiyo tofauti, watoto wanamuona akiwa anatoka au anaingia. Wasomi waliopiga hesabu mwaka 2019 walikadiria kwamba mikataba hii iliwanyang'anya weusi wa Chicago peke yake kati ya dola bilioni 3 na 4 kwa thamani ya wakati wa utafiti huo, kwa miaka ya 50 na 60 tu. Kwahiyo mtu akisema weusi hawakuweka akiba namuonyesha hii. Waliweka, ikachukuliwa kila mwezi.

Martin Luther King alihamia North Lawndale hiyohiyo Januari 1966 kupigania nyumba, na Agosti akiandamana kwenye mtaa wa weupe upande wa Marquette Park alipigwa jiwe kichwani. Sheria ya kukataza ubaguzi kwenye nyumba ilipita wiki moja baada ya yeye kuuawa, rais Johnson akaisaini tarehe 11 Aprili 1968. Kufikia hapo nyumba za Levittown za dola 7,990 zilishapanda bei, wenyewe wakisomeshea watoto kwa thamani yake na kuwarithisha. Mwaka 2022 familia ya weupe iliyo katikati kabisa kwa utajiri ilikuwa na dola 285,000, ya weusi 44,900, na kwa familia ya kawaida Marekani sehemu kubwa ya mali ni nyumba.

Mwaka ule wa 1968 Ross na wenzake walianzisha Contract Buyers League, yaani umoja wa walionunua kwa mkataba. Walikutana kanisani, kila mmoja anasimama anataja alinunua bei gani na kumbe aliyemuuzia aliinunua bei gani, na watu walikuwa hawajawahi kusema hayo hata kwa majirani zao kwa aibu. Wakaacha kulipa marejesho, mamia ya familia kwa pamoja. Masherifu wakaja kutoa vitu nje, makochi, vitanda, sufuria vimepangwa kwenye theluji, na masherifu wakishaondoka tu majirani wanatoka wanabeba kila kitu wanakirudisha ndani mpaka kitanda kinakaa palepale kilipokuwa. Baadhi ya wauzaji walikubali kukaa chini na kuandika mikataba upya. Mahakamani walishindwa, mwaka 1976 jopo la raia liliamua kwamba kilichofanyika hakikuwa ubaguzi wa rangi.

 Mwaka 2014 Ross, akiwa na miaka 91, bado alikuwa anaishi kwenye nyumba ileile ya North Lawndale.