Vomitorium si chumba cha kutapikia

Ule ujumbe kwamba Warumi wa kale walikuwa na chumba cha kutapikia ili warudi karamuni kula tena, kiitwacho vomitorium, bado unazunguka kwenye makundi ya WhatsApp. Si kweli. Vomitorium ni njia inayopita chini ya viti vya uwanja wa maonyesho. Kinachochanganya ni asili yake: kwa Kilatini, vomere ni kutapika. Ila kinachotapikwa hapa ni umati wa watu, na mwandishi mmoja wa Kirumi wa karne ya 5 alilieleza hivyo hivyo: watu wanamiminika kwenye viti. Tafadhali usiusambaze. Ukitumiwa, jibu kwa picha ya Colosseum, uwanja wa maonyesho wa kale ulioko Roma: kulikuwa na milango 80 chini, na juu ya baadhi ya matao namba zilizochongwa, kama LIV (yaani 54), zingali zinasomeka.