Je, wajua? Kwa nini ndege za Bensen ziliuzwa vipande vipande

Aliyeagiza ndege ya Bensen alipokea masanduku. Ndani mlikuwa na mabomba ya alumini ya pembe nne, bolti, magurudumu madogo, kiti na maelekezo. Asiyemudu masanduku alinunua michoro tu, alumini akajitafutia. Yaliyobaki ni spana, drili na jioni nyingi gereji.

Kiwanda kilikuwa Raleigh, North Carolina, Marekani. Alikianzisha Igor Bensen, mhandisi mzaliwa wa Urusi, mwanzoni mwa miaka ya 1950. Alichokiuza ni otojairo, aina ya ndege iliyobuniwa na Mhispania Juan de la Cierva na kuruka mara ya kwanza mwaka 1923. Ukiitazama haraka utadhani ni helikopta, ila mapanga ya juu hayazungushwi na injini. Injini iko nyuma ya rubani, inazungusha rafadha inayosukuma chombo mbele. Mapanga yameinamishwa kidogo kwa nyuma, upepo unapita kutoka chini kwenda juu, nayo yanazunguka yenyewe kama kititia cha ukuti mkononi mwa mtoto anayekimbia. Injini ikizimika angani, mapanga hayasimami, kwa kuwa hayakuitegemea tangu mwanzo. Chombo kinashuka, na rubani ana nafasi ya kutafuta pa kutua.

Wazo la kukifanya kidogo hivyo lilitoka katika Vita vya Pili vya Dunia. Uingereza, mhandisi Raoul Hafner alikuwa ametengeneza Rotachute, kiti chenye mapanga kilichovutwa na ndege, kikikusudiwa kumshusha askari badala ya parachuti. Bensen alikijaribu alipokuwa mhandisi wa kampuni ya General Electric. Akaunda chake kisicho na injini, cha kuvutwa na gari kwa kamba, na Desemba 1955 akakirusha kikiwa na injini. Mwaka 1957 ikaja modeli ya B-8M, ndiyo iliyompa jina.

Sasa, kwa nini vipande? Kubwa ni sheria. Marekani wakati huo, ndege iliyouzwa ikiwa kamili ilibidi muundo wake upate cheti cha serikali, na majaribio yake yalikuwa ghali kiasi cha kukizamisha kiwanda kidogo. Lakini mtu aliyejijengea sehemu kubwa ya ndege yake mwenyewe, kwa kujifunza au kujifurahisha, aliisajili kama ndege ya majaribio na masharti yakapungua. Kwa hiyo kazi ya kufunga bolti ilihamia gereji ya mteja, na bei ikashuka.

Urahisi wa muundo wa chombo ulisaidia. Fremu ni mabomba makuu matatu: la chini, la ekseli na mlingoti. Kabla ya kuruka rubani alinyoosha mkono, akayasukuma mapanga kwa kiganja mpaka yakolee, kisha akaondoka taratibu upepo umalizie kazi. Injini iliyopendwa ilikuwa McCulloch ya nguvu farasi 72, iliyotengenezwa kwa ajili ya ndege zisizo na rubani ambazo jeshi lilizitumia kama shabaha. Injini ya kitu kinachosubiri kupigwa risasi haina sababu ya kudumu, na wengi waliijua tabia hiyo wakiwa hewani. Jeshi la anga la Marekani nalo lilichukua ndege za Bensen na kuziita X-25, likiwaza kama rubani anayejirusha kutoka ndege iliyopigwa angeweza kuruka mbali na adui badala ya kumwangukia. Mpango haukwenda mbali.

Tatizo zito lilikuwa mafunzo. Kiti kimoja, mwalimu akae wapi? Bensen alisisitiza mtu aanze kwa kuvutwa na gari, bila injini, lakini wapo walioruka hatua. Rubani wa ndege za kawaida akihisi pua inapanda husukuma usukani mbele. Kwenye otojairo, kusukuma kwa ghafla kunayaondolea mapanga mzigo na ule upepo wa kutoka chini. Yanapoteza kasi, yanaweza kugonga mkia au rafadha, na hapo hakuna cha kuokoa. Wengi walikufa hivyo.

Kiwanda kilifungwa miaka ya 1980, na Bensen alifariki mwaka 2000. B-8M aliyoirusha mwenyewe, Spirit of Kitty Hawk, imehifadhiwa na makumbusho ya Smithsonian. Waunda otojairo waliofuata walibaki na mapanga yake mawili na rafadha ya nyuma, ila wengi waliongeza mkia mpana wa kulala, wakapanga injini na kiti ili msukumo usipite juu mno ya kitovu cha uzito. Na wakaweka kiti cha pili, cha mwalimu.