Jamani, kuvuka mstari kwanza sio kushinda

Mimi ni fundi wa dishi hapa Malindi, na nyumba nyingi ninazoitwa ni za Waitaliano, msimu wa theluji hao hawataki mpira, wataka biathlon, ile ya kuteleza kwenye theluji kwa skii, zile mbao ndefu za miguuni, na bunduki mgongoni, wakisimama njiani kupiga shabaha. Basi nikimaliza kubadilisha kichwa cha dishi kilicholiwa na chumvi nashuka kupima picha, na mlinzi na mpishi washakaa. Kila mara swali ni lile lile: "Si huyu kashafika wa kwanza, mbona wanasema ni wa nane?"

Haya, nasema mara ya mwisho. Kwenye sprinti, ile mbio fupi, na ile mbio ndefu ya mtu binafsi hawaondoki pamoja. Aondoka mmoja, sekunde 30 baadaye mwengine, hivyo hivyo mpaka wanaisha. Kwa hivyo unayemuona anafika kwanza pengine aliondoka mapema tu, basi. Inayoamua ni saa. Angalia namba pembeni ya skrini, ikiwa na alama ya kujumlisha yuko nyuma ya anayeongoza, ikiwa ya kutoa yuko mbele, hata kama wamuona peke yake kwenye theluji kama mtu aliyepotea. Na kamera hufuata wenye majina, usiniambie "huyu anaonyeshwa sana ndo anaongoza".

Chukua Olimpiki ya Sochi, Urusi, 2014, sprinti ya kilomita 10. Ole Einar Bjørndalen wa Norway, umri miaka 40, kakosa shabaha moja akalazimika kuzunguka kile kiduara cha adhabu cha mita 150, na bado kampiga Landertinger wa Austria, ambaye hakukosa hata moja, kwa sekunde 1.3. Sasa sekunde 1.3, na watu hawakuondoka pamoja, jicho lako litajuaje? Wakiondoka wote kwa mkupuo, au mbio ya kupokezana, hapo sawa, amini macho yako.

Mbio hiyo yarudiwa mpaka leo. Mzee mmoja alinipigia mwezi wa saba nimtafutie chaneli ya kumuona Bjørndalen "kesho". Mzee wangu, huyo alistaafu 2018, na theluji ya Julai ataitoa wapi? Kama hapajaandikwa laivu kwenye pembe, hayo ni marudio.

Na wengine waniambia eti vile viduara vyeusi vya shabaha vinageuzwa vyeupe na kompyuta. Wapi! Risasi ikigonga, kibati cheupe chaja kufunika tundu. Wapiga kutoka mita 50, na mpigaji akilala chini kupiga, tundu ni milimita 45, kama ndimu.

Na wale wachezaji wa picha za kale mnaowacheka kwa uzembe, wa miaka ya 60, walibeba bunduki nzito za kijeshi na shabaha nyengine zilikuwa mita 250. Bunduki ndogo za leo zimeingia 1978. Mtindo wa kuteleza kwa kusukuma mguu pembeni ukaja miaka ya 80, zamani walisukuma miguu sambamba ndani ya mifereji iliyochorwa kwenye theluji.