N!xau hakuokotwa nyikani

Ile filamu ya mwaka 1980, The Gods Must Be Crazy, ya Msan (mtu wa jamii ya wawindaji) wa jangwa la Kalahari anayeokota chupa ya Coca-Cola iliyotupwa kutoka kwenye ndege, imewaachia watu imani moja sugu: kwamba aliyeigiza, N!xau, alitolewa porini hajawahi kuona kitu cha kizungu, na kwamba hakuigiza bali alirekodiwa tu akiishi.

Hapana. N!xau, wa jamii ya Ju/'hoansi, kundi mojawapo la Wasan, wa Namibia, alikuwa amewahi kuwa mpishi wa shule huko Tsumkwe, kaskazini-mashariki mwa Namibia. Mpishi wa shule ashangae chupa? Ule mshangao, anavyoigeuzageuza na kuipuliza, ni uigizaji, na mzuri hasa. Kile kipande cha ngozi kiunoni kilikuwa vazi la kazi. Wakati huo wenzake wengi walikuwa wamekusanywa Tsumkwe chini ya utawala wa Afrika Kusini, iliyoitawala Namibia wakati huo, wakipewa posho ya unga, na vijana wao wakiandikishwa jeshini. Hayo kamera iliyaruka.

Miaka ya 1990 watengenezaji filamu wa Hong Kong nao wakamwita, akacheza "Msan" yuleyule mbele ya Wachina. Kisha akarudi nyumbani kulima mahindi na maboga, hadi alipofariki mwaka 2003.