Kumwondoa msimulizi si kunyamaza

Naandika hili mara moja ili nisilirudie kila mafunzo: dokumentari isiyo na msimulizi haijauacha ukweli "ujisemee wenyewe". Wiki hii nimeletewa tena hoja hiyo, na shahidi, kama kawaida, ni Vittorio De Seta, mwongozaji filamu wa Italia. Mzee wa watu anasingiziwa.

De Seta (1923–2011) alizaliwa Palermo katika familia yenye mali. Kati ya 1954 na 1959 alitengeneza filamu fupi kumi, kila moja dakika kumi hivi, huko Sicilia, Sardinia na Calabria: wavuvi, wachimba salfa, wakulima, wachungaji. Dokumentari za Italia enzi hizo zilijazwa maneno mwanzo hadi mwisho. Yeye akayafuta. Maandishi machache ya kufungulia, basi.

Sasa itazame ile ya wavuvi wa nduaro katika mlango-bahari wa Messina, ya 1954. Mlinzi wa juu anapiga ukelele, wapiga makasia wanajitupa mbele, chusa inarushwa. Wanafunzi huniambia, "Alikuwepo tu, akawasha kamera." Alikuwepo, ndiyo. Lakini sauti ile haikunaswa pamoja na picha! Aliinasa hukohuko kwa kinasa sauti cha utepe, kisha akaipanga kwenye meza ya uhariri: ukelele huu hapa, wimbo ule pale. Mara nyingi picha ndiyo inayoifuata sauti. Ukiusikia mdundo wa msako ule unausikia mkono wa mhariri, na mhariri ni De Seta mwenyewe. Alfajiri hadi ngoma ya usiku, ndani ya dakika kumi. Piga hesabu ya kilichotupwa. Huko ni kusema, tena kwa ukali kumpita msimulizi, maana msimulizi unaweza kumbishia.

Sitakaa sana kwenye filamu yake Banditi a Orgosolo ya 1961: wachungaji wa kweli, kisa cha kubuni. Wala Diario di un maestro, aliyoitengenezea RAI, shirika la utangazaji la Italia, 1973, ambamo mwalimu ni mwigizaji Bruno Cirino na wanafunzi ni watoto wa mtaa wa kimaskini pembezoni mwa Roma. Ni kweli au ni maigizo? Mwenye kuuliza hivyo bado hajaanza kutazama.

Linalonisumbua mimi ni jingine. Zile filamu fupi ni za rangi, na ni nzuri mno. Husifiwa kwamba zinaonyesha mabadiliko ya jamii, lakini ukiacha I dimenticati ya 1959, kuhusu kijiji cha Calabria ambacho barabara haikukifikia, mabadiliko yenyewe siyaoni sana. Treni za vijana waliohamia viwanda vya Kaskazini hazimo. Je, aliupamba umaskini? Kila nikizirudia, jibu langu hubadilika.

Halafu kuna In Calabria, ya 1993, ambayo mashabiki wa ukimya hawaigusii kamwe. De Seta anarudi kusini, anakuta vijiji vilivyohamwa na viwanda vilivyojengwa vikaachwa. Na msimulizi karudi! Anaongea, analaumu. Dhana yangu ni ya fundi sauti: msako wa nduaro una kelele za kutosha kubeba filamu nzima, ila kiwanda kilichotelekezwa hakitoi mlio wowote, na mimi mwenyewe sijui ningekihariri vipi bila mtu wa kusema.