Kisu cha uongo, bili ya kweli

Watu wakishajua kwamba kazi yangu ni kuhifadhi maiti, swali la kwanza ni kama naogopa mizimu. La pili ni filamu. Basi niseme: kati ya filamu zote za muuaji mwenye kampuni ya mazishi, niipendayo ni ya bei chee kabisa, "The Undertaker and His Pals", iliyoongozwa na T.L.P. Swicegood huko Marekani mwaka 1966. Ni ya saa moja na ushei tu, na waigizaji wake wengi hawajui kuigiza.

Kisa chenyewe ni cha kichaa. Mwenye kampuni ya mazishi ameshirikiana na jamaa wawili wa mgahawa. Usiku wanapanda pikipiki, wanaua, wanakata viungo. Nyama inaenda jikoni, kinachobaki kinaenda kwa mshirika wao, na wafiwa wanalipa. Akiuawa binti wa ukoo wa Lamb, yaani "mwanakondoo" kwa Kiingereza, kesho yake mgahawa unauza paja la mwanakondoo. Utani wote ni wa kiwango hicho.

Kwa jicho la fundi, tatizo ni damu. Ile yao ni nyekundu kama rangi ya geti. Tukiwa kazini hatuoni kitu kama hicho, kwa sababu maiti hairushi damu: pampu ni moyo, nao umesimama. Sisi ndio tunaleta pampu nyingine. Unachana kidogo karibu na mtulinga, unauvuta mshipa mkubwa wa shingo, unaingiza mrija, na dawa yenye formalini inasukumwa polepole huku damu ikitokea kwenye mshipa wa jirani, nyeusinyeusi, mara nyingine ikiwa mabonge. Muda huo unamkanda marehemu mikono kwa sabuni ili dawa ifike vidoleni. Dawa nyingi zimetiwa rangi ya waridi, kwa hiyo ngozi ikianza kuchangamka unajua imefika. Mdomo unashonwa kwa ndani, uzi usionekane. Chini ya kope unaweka kifuniko cha plastiki chenye vipele, jicho lisifunguke mbele ya wafiwa. Kisha inakuja sindano ndefu yenye tundu, ya kunyonya maji tumboni. Swicegood angeionyesha hiyo tu, pikipiki angeziacha.

Ila kwenye pesa alilenga penyewe. Miaka mitatu kabla, 1963, Jessica Mitford alitoa kitabu "The American Way of Death", kikauzwa sana. Kilieleza jinsi wafiwa wa Marekani walivyobambikiwa majeneza ya gharama na huduma wasizozihitaji. Kwenye filamu, yule bwana anatangaza mazishi ya bei rahisi, kisha wazazi wanaletewa bili iliyojaa nyongeza. Mimi huwa nacheka hapo, kicheko kibaya. Sheria ilikuja kuwabana mwaka 1984: kanuni ya serikali kuu ikazitaka kampuni za mazishi zitoe orodha ya bei ya kila kitu, zitaje bei hata kwa simu, na zisimdanganye mtu kwamba sheria inamlazimu marehemu wake atiwe dawa wakati haimlazimu.

Muuaji wa aina hii angepata tabu sana Tanga. Muislamu akifa asubuhi, alasiri keshazikwa. Ndugu wamemuosha na kumvisha sanda, vijana wa mtaa wamechimba kaburi. Bili ampelekee nani? Kwa Wamarekani, mtu mmoja anachukua maiti, anaitia dawa, anauza jeneza, anakodisha gari na kuandaa ibada humohumo kwenye jengo lake, na zamani familia yake mara nyingi iliishi ghorofani. Kwa mtengeneza filamu asiye na hela, hiyo ni neema, maana eneo la kupigia picha anakuta limeshakamilika.

Lakini na sisi tunaelekea huko. Kusafirisha mwili kutoka Dar kwenda mkoani siku hizi unaweza kuuziwa kifurushi kizima: dawa, jeneza, gari, maturubai, mpaka mpiga video, na risiti ina mstari mmoja tu. Waambieni wauchambue huo mstari kabla hamjatoa pesa. Dawa yenyewe ni sehemu ndogo.